Mwanzishie msimu wa pili: namna ya kumnasa mwenzio kwa The Office

Ukitaka mtu aipende The Office ya Marekani, ile tamthilia ya vichekesho ya wafanyakazi wa afisi moja, usimwanzishie mwanzo. Msimu wa kwanza, wa 2005, una sehemu sita tu, na ile ya kwanza kabisa inafuata mswada wa The Office ya awali, ya Waingereza, karibu neno kwa neno. Bosi Michael Scott pale ni kero tupu. Wenzangu wa afisi ya wakala wa forodha, Shimanzi, walimkimbia humo humo.

Weka "The Dundies", inayofungua msimu wa pili, Michael anapowagawia wafanyakazi wake tuzo mkahawani. Nyamaza mpaka pale watu wa meza nyingine wanapoanza kumzomea. Sasa mwangalie mwenzio usoni. Wale wafanyakazi waliokuwa wakimwonea haya ndio wanaomshangilia, hasa Pam wa mapokezi, naye keshalewa. Bosi bado mjinga, lakini ni mjinga wao. Nani aliyeajiriwa Mombasa hii asiyemjua bosi wa hivyo, anayejibandika kwenye chai ya saa nne akidhani vicheko ni vyake?

Baadaye ruka upendavyo, ila "Christmas Party" usiiruke. Zawadi zimewekewa kikomo cha dola 20. Michael ananunua iPod ya dola 400, kisha mfanyakazi wake Phyllis anampa glavu ya jikoni aliyoifuma mwenyewe. Michael ananuna, anageuza zawadi kuwa mchezo wa kunyang'anyana, na sherehe nzima inaharibika. Lakini jicho lako liwe kwa buli la Jim, muuzaji anayempenda Pam kimoyomoyo, alilomnunulia Pam. Amelijaza vitu vidogo vyenye maana kwake na kwa Pam, na barua. Zawadi zinaponyang'anywa, buli linamwangukia Dwight, mwenzao wa afisini, naye ati anataka kusafishia pua! Mwishoni mwonyeshe mwenzio mkono wa Jim ukiichukua barua kimyakimya. Hakuna vicheko vya kurekodiwa vya kukwambia sasa cheka, kwa hivyo anayechezea simu hataiona.

"The Injury" ina tabu kidogo mkiwa na wazee sebuleni: Michael kaungua mguu kwa kukanyaga grili aliyoiweka kando ya kitanda ili aamshwe na harufu ya bekoni. Mamangu alishtushwa na nguruwe kuliko kidonda.

Sehemu ni 22. Mbili kila usiku baada ya isha zatosha. Ukizimeza zote wikendi moja, Jim na Pam hawakuumi, na "Casino Night", inayofunga msimu na aliyoiandika Steve Carell mwenyewe, anayemwigiza Michael, yataka mtu aliyesubiri. Usimdokezee lolote. Msimu wa tatu uwe tayari, maana hatakubali kulala.