Somo: Kanda za VHS kutoka kabatini hadi kwenye kompyuta

Kila wiki ujumbe ni uleule: "Mkuu, nimepata kanda za mzee, nifanyeje?" Naandika mara moja, hasa kwa mnaotengeneza filamu za makala. Tanzania Bara televisheni ilianza 1994. Arusi, ngoma na mechi za mtaani za kabla ya hapo, kama zilirekodiwa, ziko makabatini mwa watu, na unyevu wa pwani unazila.

1. Vunja kidude cha plastiki mgongoni mwa kanda, deki isije ikarekodi juu yake.
2. Piga picha lebo na gamba.
3. Tafuta ukungu kupitia kidirisha. Hapa niliharibu. Kanda ya arusi ya shangazi ilikuwa na unga mweupe pembezoni mwa utepe. Nikadhani vumbi, nikaitia kwenye deki. Hedi, yaani vichwa vya deki vinavyosoma utepe, zikajaa, utepe ukanata, ukakatika. Bibi alikuwa anaimba mlangoni. Dakika zile hazipo tena na nakala nyingine hakuna. Ukiona unga mweupe USICHEZE KANDA, na deki iliyokwisha kuicheza usiitilie nyingine kabla ya kuisafisha. Kanda yenyewe itenge kwenye chombo chenye mfuniko pamoja na vile vipakiti vya silika vya maboksi ya viatu, hadi ukungu ukauke kabisa. Mbichi hupakaa, mkavu hufutika. Futia barazani, barakoa usoni, mbali na feni.
4. Safisha hedi, kisha jaribu deki kwa kanda usiyoijali.
5. Peleka kanda mbele hadi mwisho, irudishe.
6. Nasa, yaani ingiza kwenye kompyuta, kwa PAL (mfumo wa picha wa kanda za huku), fremu 25 kwa sekunde, umbo la 4:3 bila kulivuta. Faili la DV (aina ya faili la video) ni kama GB 13 kwa saa. Ukiweza aina iitwayo FFV1, ni kubwa zaidi ila haipotezi kitu. MP4 ni ya kutumiana WhatsApp.
7. Nakala tatu, vifaa viwili tofauti, moja ikae nyumba nyingine. Kanda usitupe.

MASWALI

Mtemeke: Nina kanda 12. Naweka kwenye flashi moja halafu natupa, sawa?

Jibu: Soma hatua ya 7.

Mtemeke: Si ujibu tu mkuu?

Jibu: Nimejibu. Flashi ikifa, zote 12 zimekufa.

Binti Tanga: Shikamoo kaka. Babu ameacha filamu ya mm 16 kwenye kopo, inanuka siki. Nao ni ukungu?

Jibu: Marahaba, umeuliza vizuri. Si ukungu. Hiyo ni asetati, plastiki ya filamu yenyewe, inayooza: inatoa asidi ya siki, asidi inazidi kuiozesha, na mvuke wake unadhuru filamu za jirani. Joto na unyevu vinaharakisha. Itenge leo, penye ubaridi, ukavu na hewa. Usiipitishe kwenye projekta, ikisinyaa hukatika; inataka skana ya filamu. Nitumie picha ya maandishi ya kopo, tutafute pa kuipeleka.

Fundi Picha: Nyongeza. Nikishanasa, nawaonyesha wazee na simu inarekodi wakitaja majina.

Jibu: Hiyo ndiyo hatua ya 8. Picha tunazo, majina ndiyo yanazikwa. Na ruhusa ya kuitumia kwenye filamu iombe hapohapo.

Binti Tanga: Unasimamisha picha wanapotaja?

Jibu: Mara ya kwanza hapana, waache wacheke na walie. Mara ya pili ndipo unasimamisha, uso mmoja mmoja.