Milioni 200 zinapogeuka 704: mkopo wa nyumba Uganda kwa sisi tulio nje

Kaka yangu alinipigia usiku, mimi ndiyo kwanza nimetoka zamu, koti bado liko mwilini. Benki imekubali, akasema. Nyumba iko Kira, kando ya Kampala, vyumba vitatu, kiwanja cha futi hamsini kwa mia. Bei milioni 280 za shilingi ya Uganda, sisi tunatoa 80, benki inatoa 200 kwa miaka 20. "Marejesho ni milioni mbili na laki tisa tu kwa mwezi."

Hiyo "tu" ndiyo iliyonikalisha chini. Tungelipa wawili, yeye akiwa Doha na mimi Leicester. (Mama, ambaye nyumba ilikuwa inanunuliwa kwa ajili yake, alikuwa hajaulizwa kama anataka kuhama Bombo. Hilo tulikuja kuligundua baadaye.)

Nikamwomba anitumie jedwali la marejesho. Kama hujawahi kuliona, liombe kabla hujatia saini popote. Letu lilikuwa na mistari 240, kila mwezi na mstari wake, na kila mstari umeigawa hela yako mafungu mawili: fungu la riba, na fungu linalopunguza deni lenyewe. Mstari wa kwanza, kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, ulisema hivi: unalipa 2,933,601. Riba, 2,833,333. Kinachopunguza deni, 100,268.

Nilidhani wamekosea kuchapa. Nikachukua kikokotoo cha simu: asilimia 17 ya milioni 200 ni milioni 34 kwa mwaka, gawanya kwa 12, unapata 2,833,333. Hawakukosea. Katika karibu milioni tatu tutakazotuma mwezi wa kwanza, laki moja tu na vichele ndiyo inayogusa deni.

Nikashuka hadi mstari wa 60. Miaka mitano imepita, mfukoni zimetoka milioni 176, na deni lililobaki ni milioni 190.6. Ukiuza nyumba siku hiyo kwa bei uliyonunulia, benki inachukua 190.6 zake, wewe unabaki na 89.4, kabla ya dalali na wakili. Ulianza na 80. Mstari wa mwisho kabisa, jumla ya yote: milioni 704.

Hapo hakuna wizi, ni hesabu. Riba ya kila mwezi inapigwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lote ndilo lililobaki. Wizi wenyewe unaweza kuwa mahali pengine, kwa wakopeshaji wadogo wanaopiga riba juu ya mkopo wa mwanzo hata kama umeshalipa nusu yake. Asilimia zao husikika ndogo. Swali la kuwauliza ni moja: nikishalipa nusu ya deni, riba ya mwezi itashuka au itabaki palepale?

Sisi tulio nje tuna ugonjwa wetu wa pekee. Tunaishi kati ya watu wanaonunua nyumba kwa mkopo kama wanavyonunua gari, tunaona wanastaafu wakiwa nazo, tunabeba picha hiyo hadi Kampala. Lakini milioni 200 zilezile, miaka 20 ileile, kwa riba ya asilimia 5, marejesho ni milioni 1.32 kwa mwezi na jumla ni milioni 317. Jina la mkopo ni lilelile ila bidhaa ni mbili tofauti. Na anayekuambia kuwa mfumuko wa bei utalila deni, mkumbushe kwamba mwaka 2024 na 2025 bei za Uganda zilipanda kwa chini ya asilimia 5 huku deni lako likitozwa riba ya 17.

Kitu ambacho watu hawakigusi ni muda. Wanabishana na benki wapunguziwe nusu asilimia, halafu wanakubali miaka 20 bila kuuliza. Mkopo huohuo kwa miaka 15 ni 3,078,009 kwa mwezi. Tofauti ni kama 144,000, ambayo kwa anayelipwa pauni ni zamu chache za ziada kwa mwaka mzima. Jumla inashuka kutoka milioni 704 hadi 554. Milioni 150 zinaokolewa kwa 144,000 za mwezi. Sijui biashara nyingine Uganda inayolipa namna hiyo.

Riba haisimami

Uingereza unaweza kufunga riba miaka miwili au mitano, Marekani hata miaka 30. Mikopo mingi ya Uganda imeandikwa kwamba benki inaweza kubadilisha riba kufuatana na soko, na sentensi hiyo huwa katikati ya ukurasa ambao hakuna anayeusoma.

Waliokuwa na mikopo mwaka 2011 wanaikumbuka. Mfumuko wa bei ulifika asilimia 30 mwezi wa Oktoba. Benki Kuu ya Uganda, iliyokuwa imeanza kutumia kiwango chake kipya cha riba mwezi Julai kwa asilimia 13, ilikipandisha hadi 23 kufikia Novemba. Benki za biashara zikafuata. Mtu alilala akidaiwa kiasi kimoja kwa mwezi, akaamka na kingine. Kwa hiyo pima mkopo wako kwa riba ya juu zaidi ya uliyoambiwa. Wetu ukipanda toka 17 hadi 20, marejesho yanakuwa karibu milioni 3.4. Je, mwezi ambao umepunguziwa saa za kazi utaweza?

Halafu kuna mkopo wa dola. Riba yake huwa chini sana kuliko ya shilingi, na afisa wa benki akisikia uko nje atakutajia huo kwanza. Ukilipwa kwa dola na mshahara ni wa uhakika, unaweza kukufaa. Lakini mimi nalipwa kwa pauni, ningedaiwa kwa dola, na mpangaji angelipa kwa shilingi. Sarafu tatu katika nyumba moja. Mwaka 2015 dola ilianza kwenye shilingi kama 2,800, na kufikia Septemba ilikuwa imekaribia 3,700. Aliyekuwa na wapangaji wa shilingi na deni la dola alijikuta anaongeza toka mfukoni kila mwezi, na nyumba haikuwa imeongezeka hata tofali. Pauni nayo ilianguka mbele ya dola Juni 2016, Waingereza walipopiga kura ya kutoka Umoja wa Ulaya.

Kabla hata hujalala humo

Gharama za mlangoni nitazipitia haraka. Ushuru wa stempu wa kuhamisha hati ni asilimia 1.5 ya thamani, na thamani hiyo anaipanga mthamini wa serikali, si bei mliyoandikiana na muuzaji. Kwa milioni 280 ni milioni 4.2 kwenda juu. Ushuru wa kusajili rehani kwa miaka mingi ulikuwa asilimia 0.5 ya mkopo, kwa mkopo kama wetu milioni moja; uliza kama bado unatozwa. Ongeza ada ya benki ya kushughulikia mkopo, mthamini wa benki, wakili wa benki (ndiyo, unamlipa wewe), bima ya maisha na bima ya moto. Bima ndizo zinazosahaulika kwa sababu hazilipwi mara moja: zinarudi mwaka hadi mwaka. Ziulizie kwa maandishi, na uulize pia faini ya kumaliza deni mapema.

Hati ndiyo ya kukaa nayo zaidi, na hapa Kiswahili chenyewe kinaweza kutuponza. Msemaji wa Kiswahili akisikia "kibanja" anaelewa kiwanja. Siyo. Katika ardhi ya mailo, aina ya umiliki iliyoenea hasa Buganda, kibanja ni haki ya mkaaji juu ya ardhi ambayo hati yake iko kwa mtu mwingine, na mkaaji humlipa mwenye hati busuulu, kodi ya ardhi, kila mwaka. Haki hiyo inalindwa na sheria, ila siyo hati, na benki inayokopesha kwa rehani inataka hati. Upande wa pili ni mbaya vilevile: unaweza kununua hati safi kabisa ya mailo huku kuna familia zenye vibanja juu yake, na sheria hairuhusu uwafukuze tu. Upekuzi wa hati ofisi ya ardhi utakuonyesha jina la mwenyewe, rehani nyingine na makatazo yaliyowekwa. Hautakuonyesha migomba ya mtu. Hiyo inataka ndugu mwenye macho, aende akatembee kiwanja chote na kuzungumza na mwenyekiti wa LC1 (serikali ya mtaa) na majirani, asiende na dalali.

Pia angalia pasipoti yako. Uganda iliruhusu uraia wa nchi mbili mwaka 2009. Waliochukua uraia wa nje kabla ya hapo walipoteza wa Uganda, na wengi hawajaurudisha. Asiye raia hawezi kumiliki mailo wala ardhi ya umiliki huru, anapata upangaji wa miaka isiyozidi 99 tu. Kama hati ni ya upangaji, soma miaka iliyobaki: benki haitakupa mkopo wa miaka 20 juu ya upangaji uliobakiza 15. Na kama umeoa au umeolewa, nyumba ambayo familia inaishi haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzio. Yuko Arua na wewe uko Toronto? Karatasi hiyo ianze kushughulikiwa mapema.

"Nyumba itajilipa yenyewe"

Kila familia ina mtu wa kusema hivi. Kwetu alikuwa shemeji. Basi tukae naye mezani. Tuseme nyumba ya Kira inapangishwa kwa 1,200,000 kwa mwezi na haikai tupu hata mwezi mmoja. Marejesho ni 2,933,601. Kila mwezi tunaongeza 1,730,000. URA, mamlaka ya mapato, inatoza mtu binafsi asilimia 12 ya kodi yote ya pango ya mwaka inayozidi 2,820,000, kwa hiyo karibu 1,390,000 kwa mwaka, na haikuulizi riba uliyolipa benki. Kuna kodi ya majengo ya halmashauri, ambayo anayeishi kwenye nyumba yake husamehewa lakini anayepangisha haponi. Kuna tangi la maji, kuna paa, kuna ndugu anayesimamia ambaye naye anahitaji nauli ya boda. Shemeji alisema thamani ya ardhi itapanda. Inawezekana. Nilimwambia ili kutoka 280 hadi kufikia kile tutakachokuwa tumelipa inabidi ipande zaidi ya mara mbili na nusu, na tukauze.

Sisemi usikope. Kujenga kidogokidogo kwa pesa taslimu, ambako Waganda wengi wa nje ndiko tunakopitia, nako kuna gharama yake isiyoandikwa popote: saruji inayoganda stoo, fundi anayehama na mbao, msingi unaoota nyasi miaka minne. Mtu anayelipa kodi kubwa ya nyumba Kampala na anarudi kuishi ana hesabu tofauti na yangu. Na kwa Waislamu wanaoikwepa riba, Benki Kuu ilitoa leseni ya kwanza ya benki ya Kiislamu mwaka 2023. Katika murabaha benki inanunua kitu na kukuuzia kwa bei ya juu iliyotajwa siku ya kwanza, haibadiliki tena. Huenda bei hiyo isiwe nafuu, lakini unaiona, na unaweza kuiweka kando ya milioni 704 ukalinganisha.

Ukikopa, jambo la anwani lisikupite. Ukikaa na deni mwezi mzima bila kulipa, Sheria ya Rehani ya 2009 inaipa benki haki ya kukuandikia notisi, na una siku za kazi 45 za kurekebisha. Usiporekebisha, notisi ya kuuza inakuja, siku za kazi 21. Ukitaka kusimamisha mnada mahakamani, jiandae kuambiwa uweke asilimia 30 ya deni au ya thamani ya nyumba ikiuzwa kwa haraka. Ni muda mzuri kwa aliyeko Ntinda, palepale Kampala. Kwa aliyeko Leicester, ambaye barua imepelekwa kwenye nyumba anayokaa mpangaji, siku 45 huisha bahasha haijafunguliwa. Andikisha barua pepe yako kwenye mkataba wenyewe, na ya mtu wa pili.

Mwishowe kaka alikopa, kwa jina lake peke yake, na mimi nachangia 300,000 juu ya marejesho yake kila mwezi. Hesabu tuliipiga kwanza: kwa nyongeza hiyo tangu mwanzo, deni linaisha kwa miaka 12 na miezi mitano hivi badala ya 20, na jumla inakuwa kama milioni 480. Miezi saba ya mwanzo hela yangu haikupunguza kitu. Benki ilikuwa inaiweka kando kama malipo ya mwezi unaofuata, na riba ikaendelea kupigwa juu ya deni lote. Tuliligundua kwa sababu kaka alikuwa analinganisha taarifa ya akaunti na lile jedwali, mstari kwa mstari, kwa kalamu nyekundu. Sasa kila nikituma, barua pepe inatangulia: "Hii ni ya kupunguza deni la msingi, si marejesho ya mbele," na tunasubiri jibu lenye salio jipya.

Mama bado yuko Bombo. Kira amepanga mwalimu mmoja, na analipa kwa wakati.