Jinsi ya Kuifuatilia Kazi ya Živojin Pavlović, Mwongozaji na Mwandishi wa Serbia

Anayetaka kumfahamu Živojin Pavlović, aliyezaliwa Šabac mwaka 1933 na kufariki Belgrade mwaka 1998, asimchukulie kuwa mwongozaji wa filamu aliyeandika vitabu kwa kujiburudisha. Filamu ni nusu tu ya kazi yake. Nusu nyingine imo katika hadithi fupi, riwaya na shajara, na kila nusu huieleza ile nyingine. Kabla ya kutazama chochote, chora jedwali la safu mbili, filamu huku na vitabu kule, uzipange kwa miaka.

Usianze na filamu yake ya kwanza. Anza na Buđenje pacova ya mwaka 1967, iliyompatia tuzo ya Dubu wa Fedha ya mwongozaji bora katika tamasha la filamu la Berlin, kisha uendelee na Kad budem mrtav i beo, ambamo Dragan Nikolić anamwigiza Džimi Barka, kijana anayetangatanga akitafuta vibarua, akiiba na kujaribu uimbaji ambao hana kipaji nao. Miswada ya filamu zote mbili iliandikwa na Gordan Mihić na Ljubiša Kozomara, jambo linalokurahisishia kazi: hadithi ni ya wengine, kwa hiyo kinachobaki ndicho cha Pavlović mwenyewe. Zitazame mara mbili, na mara ya pili uzime sauti ili uone matope, kuta zilizochakaa, nyuso za watu wa kawaida, na namna kifo kinavyomjia mtu ghafla, bila heshima wala maandalizi.

Baada ya hapo tazama Zaseda ya mwaka 1969, ambayo chanzo chake ni hadithi ya Antonije Isaković pamoja na ya Pavlović mwenyewe. Ive Vrana, kijana anayeyaamini mapinduzi ya kikomunisti ya Yugoslavia kwa moyo wote, anauawa na watu wa upande ule ule anaouamini. Hapa mtazamaji anahitaji kuwa mwangalifu, kwa sababu ni kawaida kusema kwa jumla kwamba filamu za kundi lililoitwa crni talas, yaani wimbi jeusi, la waongozaji wa Yugoslavia walioonyesha upande wa giza wa maisha, zilipigwa marufuku. Iliyopigwa marufuku kwa hukumu ya mahakama, huko Sarajevo, ni Grad ya mwaka 1963, ambayo Pavlović aliitengeneza pamoja na Marko Babac na Kokan Rakonjac, kila mmoja kwa sehemu yake. Zaseda haikushtakiwa, ilizuiwa kimyakimya isifike katika kumbi za sinema. Ukiandika juu yake, tofautisha mambo hayo mawili, kwani zuio lisilo na hati ni gumu zaidi kulipinga.

Hatua inayofuata huwapita wengi: nenda Slovenia. Katika Yugoslavia ya wakati ule, shirikisho lililoziunganisha Serbia, Slovenia na jamhuri nyingine, kila jamhuri ilikuwa na studio zake, na mlango uliofungwa Belgrade uliweza kuwa wazi Ljubljana, mji mkuu wa Slovenia. Huko Pavlović aliongoza Rdeče klasje mwaka 1970, Let mrtve ptice mwaka 1973, na Nasvidenje v naslednji vojni mwaka 1980, hii ya mwisho ikitokana na riwaya ya Vitomil Zupan. Zilinganishe na zile za 1967, uone ni nini kilichobadilika pamoja na lugha na mandhari, na ni nini kilichokataa kubadilika.

Kwa upande wa vitabu, zitangulize riwaya mbili zilizotunukiwa tuzo ya NIN, inayoheshimiwa sana katika fasihi ya Serbia: Zid smrti, iliyoipata kwa mwaka 1985, na Lapot kwa mwaka 1992. Shajara yake ya maandamano ya wanafunzi wa Belgrade mwaka 1968, Ispljuvak pun krvi, isome baadaye na kwa tahadhari, kwa maana inashuhudia hasira yake kabla ya kushuhudia matukio.

Ukifika mwishoni, iweke filamu ya Dezerter ya mwaka 1992 kando ya ile ya Neprijatelj ya mwaka 1965, kwa kuwa zote mbili zimechota kutoka kwa mwandishi wa Urusi Dostoevsky, moja katika nchi yenye amani na nyingine wakati Yugoslavia inasambaratika kwa vita. Filamu ya Država mrtvih, iliyokamilishwa na Dinko Tucaković baada ya Pavlović kufariki na kutoka mwaka 2002, iwekee alama ya pekee katika jedwali lako, kwani si kila uamuzi uliomo ulikuwa wa Pavlović.