Namna ya Kulielewa na Kulitumia Neno "Littoral"

Kivumishi "littoral", kinachohusu pwani, ni miongoni mwa maneno ya Kiingereza ambayo mtu anaweza kusoma kwa miaka mingi bila kuyaona, kisha siku moja akayakuta mara kumi katika ripoti moja. Kwetu Tanga siku hiyo haichelewi kufika, kwa sababu maandishi yanayohusu mikoko, matumbawe, kilimo cha mwani na uvuvi wa pweza hulitumia neno hili bila kulieleza, na anayepewa kazi ya kuyatafsiri hulazimika kuamua peke yake. Kijana mmoja niliyekuwa nikimhariria kazi alikutana na maneno "littoral communities" akayaandika "jamii zilizoelimika", kwa kuwa jicho lake lilikwenda kwenye "literate", neno la kusoma na kuandika. Sikumlaumu sana. Mimi mwenyewe, miaka ya nyuma, niliandika "ukanda wa ufukwe" mahali ambapo mwandishi alikuwa akizungumzia tope la mikokoni, na mvuvi mzee aliyesomewa rasimu ile akauliza ni ufukwe gani huo usio na mchanga.

Ili kuepuka makosa ya namna hiyo, inafaa kuanza na asili ya neno. Limetoka katika Kilatini, ambamo "litus" ni ufuko wa bahari, na Kiingereza kililichukua katika karne ya 17. Waitaliano wanalo "lido", kutoka mzizi huohuo, kwa maana ya ufuko wa kuogelea. Wahispania na Wareno huandika "litoral" kwa herufi t moja, ilhali Wafaransa na Waingereza huandika t mbili, kwa hiyo anayesoma makala za Msumbiji asidhani kuwa mchapaji amekosea. Katika nchi zinazotumia Kifaransa limekuwa hata jina la utawala: Kamerun ina mkoa uitwao Littoral, wenye jiji la Douala, na Benin ina wilaya kuu yenye jina hilohilo, ambayo ndiyo Cotonou. Sisi tunao Mkoa wa Pwani, ambao Bagamoyo imo ndani yake, ingawa makao makuu yake yako Kibaha, mahali ambapo huwezi kuona hata povu la bahari.

Msemaji wa Kiswahili ana ukaribu na neno hili kuliko anavyodhani. Jina la lugha yetu limetokana na neno la Kiarabu "sawahil", wingi wa "sahil", yaani pwani. Kwa hiyo Mswahili, kwa asili ya neno, ni mtu wa pwani. Ukanda wa Sahel ulio kusini mwa jangwa la Sahara umeitwa kwa neno hilohilo, kwa kuwa waliolipa eneo lile jina waliliona jangwa kama bahari na ukingo wake kama pwani.

Matamshi yake huwasumbua wengi kwa sababu sisi tumezoea kuweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na ulimi wetu unataka kusema "li-TO-ro". Kwa Kiingereza mkazo uko kwenye silabi ya kwanza, na silabi zinazofuata hupita kwa haraka, karibu kama "LI-ta-ro". Wako Wamarekani wanaoupeleka mkazo mwisho, na kamusi zao zinaukubali, lakini anayejifunza akishika mkazo wa mwanzo hatakosea popote. Taabu ni kwamba, likitamkwa hivyo, halitofautiani na "literal", neno linalohusu maana ya moja kwa moja isiyo ya mafumbo. Msikilizaji hana njia ya kuyatenganisha isipokuwa kwa kutazama yanayozungumzwa, na mwandishi asiitegemee programu ya kusahihisha tahajia, kwa sababu maneno yote mawili ni sahihi kwake na haitaweka alama yoyote.

Sasa tuingie kwenye maana, na hapa nitakaa zaidi kwenye maana ya wanasayansi wa bahari, kwa kuwa ndiyo inayotafsiriwa vibaya kuliko zote. Kwao, "littoral zone" si pwani yote kwa ujumla. Ni ule ukanda ambao maji huufunika yakijaa na kuuacha wazi yakikupwa. Mipaka yake hufuata mwezi: siku za bamvua, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, bahari ya Tanga hupanda na kushuka kwa zaidi ya mita 3, na ukanda huo hutanuka, siku za maji mafu hupungua. Kati ya Mwambani na Tongoni, kusini mwa mji, bamvua likikupwa utaona ngalawa zilizokuwa zikielea alfajiri zimelala ubavu, na akina mama wakitembea kwa miguu mahali ambapo saa sita baadaye mtu mzima hafikishi mguu chini.

Katika mojawapo ya asubuhi hizo nilikutana na bibi mmoja chini ya minazi, ameshika chuma cha kuchokolea pweza. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba mwanangu, nikamwuliza anakwenda wapi. Akasema anakwenda pwani. Kwa kuwa tulikuwa tumesimama hatua chache kutoka kwenye mchanga, nikamwambia kwa mzaha kwamba pwani ndiyo hii tuliyopo. Akanitazama kama anayemwonea huruma mtoto, akasema, "Hapa ni nchi kavu, mwanangu. Pwani ni kule maji yanakotoka na kurudi."

Bibi yule alikuwa ametoa maana ya kikamusi ya "littoral zone" pasipo kulijua neno lenyewe. Pwani imetokana na kitenzi kupwa: ni mahali panapokupwa. Matumizi ya leo yamelipanua neno hadi likabeba miji, mashamba ya minazi na mkoa mzima, lakini kwa watu wa bahari maana ya zamani ingali hai. Mtafsiri anaweza kuitumia, mradi aifunge vizuri ili msomaji wa Dodoma asipotee. Mimi huandika "pwani inayofunikwa na kuachwa na maji" mara ya kwanza, kisha "pwani ya maji kupwa" katika kurasa zinazofuata. "Ufukwe" nimeuacha kwa ajili ya mchanga peke yake.

Wanasayansi hawaishii hapo, kwani huligawa neno kwa viambishi. "Supralittoral" ni sehemu iliyo juu ya mstari wa maji kujaa, inayofikiwa na rasharasha za mawimbi lakini haizami. "Sublittoral" ni sehemu iliyo chini ya mstari wa maji kupwa, isiyoachwa wazi hata siku za bamvua kubwa. Anayevijua viambishi hivyo viwili hahitaji kukariri kitu. Ajiulize tu kama kiumbe anayezungumziwa huwa hazami kabisa, huzama na kuibuka, au huwa amezama daima. Mikokoni kwetu kuna konokono wadogo wa jenasi ya Littoraria, ambao jina lao limechongwa kutokana na mzizi huuhuu, na wanaonekana wakipanda juu ya mashina ya mikoko maji yanapoingia. Kinyume chake ni silikanti, samaki wa kale aliyesababisha kuanzishwa kwa hifadhi ya bahari ya Tanga mwaka 2009. Ni mashuhuri kwetu, anavuliwa katika bahari yetu, lakini anaishi kwenye maji ya kina kirefu, na kumwita samaki wa "littoral" kwa kuwa tu amepatikana Tanga ni kosa ambalo mtaalamu ataliona mara moja.

Kwenye maziwa mambo hubadilika, kwa sababu ziwa halina kujaa na kupwa kunakoonekana kwa macho kama kwa bahari. Huko neno hutaja maji ya kando yenye kina kifupi kiasi kwamba mwanga wa jua hufika chini na mimea yenye mizizi inaweza kuota. Ziwa Tanganyika, ambalo kina chake hufikia takriban mita 1,470, lina ukanda mwembamba wa aina hiyo sehemu nyingi, kwa kuwa kingo zake huteremka ghafla. Ukitafsiri habari za Kigoma kwa maneno ya maji kupwa utakuwa umehamishia ziwani jambo lisilokuwapo; andika "maji ya kandokando ya ziwa" na inatosha.

Maana ya pili ni ya wanasiasa na wanahistoria. "Littoral states" ni nchi zinazopakana na bahari fulani, na hapa hakuna habari ya bamvua wala matope. Azimio la Umoja wa Mataifa la mwaka 1971, lililoitangaza Bahari ya Hindi kuwa eneo la amani, lilizitaja nchi za "littoral" pamoja na nchi za "hinterland", na kwa Kiswahili jozi hiyo haihitaji kutafutwa, kwani tumekuwa nayo tangu zama za misafara ya Bagamoyo: pwani na bara. Hata hivyo, kwa nchi nzima napendelea neno mwambao. Limetokana na kuambaa, yaani kupita kandokando ya kitu, kama chombo kinavyoambaa nchi kikitoka Pangani kwenda Moa, na ndani yake mna picha ya mstari mrefu unaounganisha bandari nyingi. "Nchi za mwambao wa Bahari ya Hindi" husomeka bila kukwama. Tahadhari moja: Mkataba wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 hutumia "coastal State", si "littoral", kwa hiyo anayeandika Kiingereza cha kisheria kuhusu mkataba huo afuate maneno ya mkataba.

Wanasheria nao wana lao. Kiwanja kinachopakana na bahari au ziwa huitwa cha "littoral", na kinachopakana na mto huitwa cha "riparian", kutoka neno la Kilatini la ukingo wa mto. Mfano ulio wazi ni mji wa Pangani, ambako mto unaingia baharini: mwenye nyumba inayotazama mto yuko upande wa neno moja, na jirani yake anayetazama bahari yuko upande wa neno jingine, ingawa huenda wanaazimana chumvi. Tofauti hiyo ina uzito katika nchi ambazo mahakama zake hugawa haki za maji kwa kuitazama. Kwetu, Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka baharini, na katazo hilo linahusu mito na maziwa pia, hivyo katika jambo hilo majirani wale wawili wamo katika mashua moja. Kwa Kiswahili andika tu "ardhi inayopakana na bahari". Usilazimishe kivumishi kimoja.

Katika mambo ya kijeshi neno hugeuza uso, likawa linatazama maji badala ya nchi kavu. Jeshi la Majini la Marekani lina meli za aina ya "littoral combat ship", ambazo ya kwanza, USS Freedom, ilianza kazi rasmi mwaka 2008, na makusudio yake ni kupigana katika maji yaliyo karibu na nchi badala ya bahari kuu. Kuziita "meli za ufukweni" huleta picha ya chombo kilichopweleka. "Meli za kivita za maji ya karibu na pwani" ni ndefu, lakini ni kweli. Madaktari, kwa upande wao, wana seli za "littoral" ndani ya wengu, zilizoitwa hivyo kwa kuwa zimejipanga kwenye kingo za mifereji ya damu kama nyumba kandoni mwa maji. Huko mwachie daktari istilahi yake.

Anayetaka kuliandika kwa Kiingereza, na si kulisoma tu, alitangulize mbele ya nomino. Kusema kwamba kijiji "ni littoral" kwa kukiweka kivumishi baada ya kitenzi si kosa la sarufi, bali masikio ya wenye lugha hushtuka. Halina viwango: hakuna mahali penye "littoral" zaidi kuliko pengine. Linaweza kusimama kama nomino likitanguliwa na "the", kwa maana ya ukanda wote wa pwani. Zaidi ya yote, ni neno la maandishi rasmi. Mwenye nyumba ya wageni Raskazone anayetaka kuandika tangazo kwa Kiingereza atumie neno la kawaida la ufukwe au la bahari. Akiandika "littoral", wageni watadhani wanaalikwa kwenye semina.

Ninapompima mtafsiri mpya humpa kifungu kimoja kifupi: "littoral molluscs of the littoral states". Aliyelitafuta neno mara moja tu kwenye kamusi huniletea "konokono wa pwani wa nchi za pwani", na kosa lake ni dogo kiasi kwamba wasomaji wengi wangelipita. Kijana wangu wa "jamii zilizoelimika" alipokipata kifungu hicho, mwaka uliofuata, alikaa nacho tangu adhuhuri hadi alasiri, akakirudisha kikiwa hivi: "konokono na chaza wa maji kupwa katika nchi za mwambao".