Somo: Nyumba ya mkopo, na bei yake mpaka siku ya mwisho

Assalamu alaykum ndugu zangu, na wengine wote hamjambo. Kila anayenijia kuhusu kununua nyumba kwa mkopo, awe wa Muyeye au wa njia ya Casuarina hapa Malindi, huniuliza kwanza, "Nitakatwa ngapi kwa mwezi?" Afisa wa mikopo hulipenda swali hilo kwa sababu jibu lake ni dogo na halimtishi mtu. Kwa mnunuzi, swali lenye uzito ni hili: mpaka nikabidhiwe hatimiliki yangu ikiwa haina rehani, nitakuwa nimetoa pesa ngapi? Leo tutalijibu kwa kalamu, karatasi na kikokotoo cha simu.

Mfano wetu ni nyumba ya shilingi 3,750,000. Unatoa dipoziti ya asilimia 20, yaani 750,000, na benki inakukopesha 3,000,000 kwa miaka 20. Riba ni asilimia 14 kwa mwaka, ikihesabiwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki kila mwezi. Hiyo 14 nimeiweka kwa ajili ya somo tu; wewe weka kiwango ulichopewa.

Hatua ya 1: Tafuta rejesho la mwezi, kisha zidisha

Gawa riba ya mwaka kwa miezi 12: 0.14 ÷ 12 = 0.0116667. Jumlisha 1, halafu pandisha kwa kipeo cha 240, ambayo ndiyo miezi ya miaka 20, utapata 16.18. Gawa 1 kwa 16.18, upate 0.0618. Toa hiyo kwenye 1, ibaki 0.9382. Sasa chukua 3,000,000 × 0.0116667, ambayo ni 35,000, na uigawe kwa 0.9382. Rejesho lako ni kama 37,306 kwa mwezi. Mwenye kompyuta aandike kwenye programu ya majedwali kama Excel =PMT(0.14/12,240,-3000000) na jibu litatoka lenyewe.

37,306 × 240 = 8,953,440. Umekopa milioni tatu, na utarudisha karibu milioni tisa. Riba peke yake inakaribia milioni sita.

Jaribu sasa kubadilisha miaka. Kwa miaka 25 rejesho linashuka hadi 36,113. Umepata nafuu ya shilingi 1,193 kwa mwezi, ambayo haizidi pesa ya kitoweo cha siku mbili tatu, lakini jumla inafika 10,833,900. Nafuu hiyo imekugharimu karibu milioni 1.9. Kwa miaka 15 rejesho ni 39,952 na jumla 7,191,360: unaongeza 2,646 kwa mwezi, unaokoa zaidi ya milioni 1.7. Kwa hiyo ukiambiwa "tukuongezee miaka upate unafuu," shika kalamu kwanza.

Hatua ya 2: Lifungue rejesho uone ndani yake

Hapa ndipo naomba mtulie, maana hapa ndipo wengi huvunjika moyo miaka mitano baadaye na kudhani wameibiwa.

Mwezi wa kwanza unadaiwa 3,000,000. Riba ya mwezi huo ni 35,000. Umelipa 37,306, kwa hiyo kilichogusa deni ni shilingi 2,306. Mwezi wa pili unadaiwa 2,997,694, riba ni 34,973, na deni linapungua kwa 2,333. Mwezi wa tatu hivyo hivyo, riba ikipungua kidogo na sehemu ya deni ikiongezeka kidogo.

Mwaka ukiisha umetoa 447,672 na deni limeshuka kwa kama 29,500 tu. Miaka mitano ikiisha umetoa zaidi ya milioni 2.2, na ukiomba taarifa ya mkopo utaona bado unadaiwa kama 2,801,000. Nusu ya deni unaivuka ukiwa mwaka wa 16. Hapo hakuna wizi. Riba huhesabiwa kwenye salio, na mwanzoni salio ni kubwa. Mwishoni mwa mkopo mambo hugeuka, karibu rejesho lote likaenda kwenye deni.

Kabla hujatia saini, omba jedwali la marejesho la miezi yote 240. Liwe na safu ya riba, safu ya deni na safu ya salio. Ukipewa karatasi yenye rejesho la mwezi peke yake, rudi ukaidai iliyo kamili.

Hatua ya 3: Gharama zisizo ndani ya rejesho

Ushuru wa stempu wakati wa kuhamisha umiliki ni asilimia 4 ya thamani kwa mali iliyo ndani ya mji, asilimia 2 kwa ya mashambani. Nyumba yetu ya mjini Malindi inadaiwa 150,000, na hizo ni taslimu, kabla hujapewa ufunguo. Kusajili rehani yenyewe kuna stempu ya asilimia 0.1 ya mkopo, hapa 3,000. Kuna mthamini, wakili wako, wakili wa benki (naye unamlipa wewe), na ada ya benki ya kuandaa mkopo. Kila mwaka kuna bima ya maisha ya kulinda mkopo na bima ya moto. Ukitia matengenezo, usisahau kwamba chumvi ya bahari inakula nondo na mabati ya huku kwetu haraka kuliko ya bara.

La ardhi nalitaja kwa ufupi. Pwani yetu ina nyumba nyingi zilizojengwa juu ya ardhi ya mtu mwingine, mwenye nyumba akilipa kodi ya kiwanja. Benki inataka hatimiliki, si kuta. Na kama hati ni ya ukodishaji, angalia miaka iliyobaki.

Hatua ya 4: Uliza riba ikipanda itakuwaje

Mikopo mingi ya nyumba Kenya ina riba inayobadilika. Kiwango cha riba cha Benki Kuu, ambacho benki hukitazama zinapopanga riba zao, kilikuwa asilimia 7 mwanzoni mwa 2022. Februari 2024 kilikuwa 13. Kilianza kushushwa Agosti 2024. Kati ya 2016 na 2019 sheria iliziwekea benki kikomo cha riba, kisha kikomo hicho kikaondolewa. Miaka 20 ni mirefu, na mabadiliko kama hayo utakutana nayo zaidi ya mara moja.

Turudi kwenye mkopo wetu. Riba ikitoka 14 kwenda 15 mapema, riba ya mwezi kwa milioni tatu inakuwa 37,500. Rejesho lako la 37,306 halitoshi hata kulipa riba, na deni linaanza kukua ingawa hujakosa mwezi hata mmoja. Ndiyo maana benki itakuongezea rejesho. Kwa asilimia 15 linafika kama 39,500, kwa 16 linafika 41,700. Sheria ya Ardhi inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi ya siku 30 angalau kabla ya kubadilisha riba. Mimi nashauri hivi: kama huwezi kulipa rejesho la riba iliyopanda kwa pointi mbili, chukua mkopo mdogo zaidi.

Hatua ya 5: Tumia msimu wako

Rejesho la benki halijui masika. Aprili mpaka Juni hoteli nyingi za Malindi na Watamu hupunguza watu au hufunga kabisa, na anayepeleka wageni baharini hukaa bure. Agosti na Desemba pesa zipo. Kwa mtu wa mapato ya namna hii, naona heri achukue miaka 20 yenye rejesho dogo la lazima, kisha alipe ziada msimu ukiwa mzuri, kuliko kujifunga na rejesho la miaka 15 litakalomkaba mwezi wa Mei.

Na ziada ya mapema ina nguvu kubwa. Mwisho wa mwaka wa kwanza ukipeleka laki moja juu ya marejesho yako, na riba ikabaki 14, unafuta miezi 31 mwishoni. Hiyo ni zaidi ya milioni 1.1 ya marejesho ambayo hutayalipa kamwe. Laki hiyo hiyo ukiipeleka mwaka wa 18 itakuokolea kidogo sana. Anayeweza kuongeza 5,000 kila mwezi tangu mwanzo atamaliza kwa miaka 12 na miezi 8 hivi, akiwa ametoa kama milioni 6.4 badala ya karibu milioni 9.

Mambo mawili yatazame kwenye mkataba. La kwanza, kama kuna faini ya kulipa mapema. La pili, ziada yako iandikiwe kwamba ni ya kupunguza deni la msingi na muda, na rejesho libaki lile lile. Bila maandishi hayo, pesa zinaweza kukaa kwenye akaunti zikisubiri marejesho ya miezi ijayo, na riba ikaendelea kama kawaida.

MASWALI YA WANACHAMA

Mwalimu, Gede: Maalim, chama chetu cha akiba na mikopo kinatoa asilimia 8 isiyoshuka. Si bora mara mia kuliko 14 ya benki?

Mwalimu, ni bora, lakini si kwa kiasi unachodhani. Riba isiyoshuka huhesabiwa kwenye milioni tatu za mwanzo miaka yote, hata ukiwa umebakiza laki mbili. Asilimia 8 mara miaka 20 ni riba ya 4,800,000. Jumla ni 7,800,000 na rejesho 32,500. Ukiigeuza iwe ya salio linalopungua inakaribia asilimia 12. Tena waulize kama ukilipa mapema riba ya miaka iliyobaki inafutwa. Uliza pia kama chama chenu kinapata fedha za KMRC, ile kampuni iliyoundwa 2018 kuzipa benki na vyama vya akiba fedha za muda mrefu kwa mikopo ya nyumba. Mikopo yake imelengwa kuwa chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9.5 ya salio linalopungua, milioni tatu zetu zina rejesho la kama 27,964 na jumla ya milioni 6.7.

Dada wa Barani: Lakini kaka, hizo milioni tisa za miaka 20 ijayo si sawa na za leo. Na kodi ya nyumba nayo inapanda kila baada ya muda. Huoni unatutisha bure?

Dada, hoja yako ni ya kweli na nashukuru umeileta. Shilingi inapungua nguvu, na mpangaji baada ya miaka 20 hana nyumba. Kwa hiyo usilinganishe milioni tisa na milioni tatu ukaishia hapo. Andika kodi unayolipa sasa, tofauti yake na rejesho, na ungefanya nini na tofauti hiyo. Kama unalipa kodi ya 12,000, rejesho la 37,306 linakutaka utoe 25,306 zaidi kila mwezi. Wapo wanaoweza kununua kiwanja kwa pesa hizo na kujenga kidogo kidogo, na wapo ambao bila kukatwa mshahara pesa zingeliwa tu. Mwenyewe unajijua. Ninachokataa ni mtu kutia saini bila kuiona ile jumla.

Mfanyakazi wa hoteli, Mayungu: Nimesikia kuna nafuu ya kodi kwa wenye mikopo. Na nikipangisha nyumba kwa wageni?

Ipo. Riba ya mkopo wa nyumba unayoishi mwenyewe hutolewa kwenye mapato kabla ya kodi kuhesabiwa, mpaka 30,000 kwa mwezi. Kabla ya mwisho wa Desemba 2024 kikomo kilikuwa 25,000. Kwa anayekatwa kodi ya asilimia 30, ni nafuu isiyozidi 9,000 kwa mwezi. Peleka hati ya riba kutoka benki kwa anayeandaa mishahara kazini. Lakini sharti ni uishi humo. Nyumba ya kupangisha wageni haiipati nafuu hii.

Mzee wa Shela: Mwanangu, umesema riba, riba, riba. Sisi tusioitaka tufanyeje?

Shikamoo mzee. Benki za Kiislamu zina njia mbili zinazojulikana. Katika murabaha, benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu zaidi mliyokubaliana siku hiyo. Bei haipandi hata Benki Kuu ikifanya nini. Katika musharaka inayopungua, mnanunua kwa ubia, unalipa kodi ya fungu la benki huku ukilinunua fungu hilo kidogo kidogo. Hukumu yake waulizeni masheikh. Upande wangu ni hesabu, na hesabu ni ile ile: ombeni jumla mpaka mwisho, maana inaweza kukaribia ya benki nyingine. Kwenye musharaka uliza kodi hupitiwa upya kila baada ya muda gani. Kwenye murabaha uliza ukimaliza mapema utapunguziwa nini, na ukipewa ahadi iwe ya maandishi.

Mama wa Maweni: Mume wangu anataka kuweka rehani nyumba tunayoishi. Tukikwama, wanatutoa kwa siku ngapi?

Mama, kwanza jua kwamba nyumba ya ndoa haiwekwi rehani kihalali bila saini au ridhaa yako, na hiyo ni Sheria ya Ardhi. Usitie saini kwa kuharakishwa. Soma, au mpelekee wakili asiye wa benki. Mkikwama, notisi ya kwanza ni ya siku 90 angalau. Ikipita, inafuata ya kuuza, siku 40, na dalali naye anatoa ya siku 45. Barua ya kwanza ikifika, nendeni benki wiki hiyo hiyo na taarifa ya mapato yenu mkaombe mkopo upangwe upya, maana mkingoja dalali mtabeba na gharama zake. Na tunzeni taarifa ya salio la siku mkopo ulipoanza kuhesabiwa mbovu: kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinasema riba itakayodaiwa kuanzia hapo isizidi salio hilo.