Somo: Adapta ya Bluetooth ya bei nafuu kwa redio ya zamani

Kabla hujatoa pesa sokoni Mwembe Tayari, Mombasa, jiulize: sauti inatoka wapi, inaenda wapi? Ikitoka kwenye simu kuingia redioni, unataka adapta inayopokea. Ikitoka kwenye TV kwenda hedifoni, unataka inayorusha. Kwa sura hazitofautiani, na wauzaji wengi huzichanganya fungu moja. Yenye swichi, RX ni kupokea, TX ni kurusha.

Hatua ya 1. Kagua matundu. Redio yenye tundu la AUX la milimita 3.5 (la kuingizia sauti kwa waya) imekurahisishia kazi. Zile zenye ncha ya USB zisikuzuge: nyingi huvuta umeme tu hapo, sauti yenyewe bado inapita kwenye waya wa AUX.

Hatua ya 2. Kama gari halina AUX, chukua ya FM, ile ya kuchomeka kwenye tundu la kiberiti, inayopokea sauti ya simu na kuirusha redioni kama stesheni ya FM. Hapa ndipo watu hukwama. Redio nyingi za magari yaliyoshushwa kutoka Japani huanzia 76 MHz na kuishia 90, na adapta nyingi huanzia 87.5. Basi uwanja wako ni 87.5 hadi 90 pekee. Tafuta palipo kimya, uweke namba ileile kwenye redio na kwenye adapta.

Hatua ya 3. Washa Bluetooth ya simu, chagua jina la adapta. Ikidai namba ya siri, jaribu 0000. Pandisha sauti ya simu karibu na mwisho, upunguzie kwenye redio.

Swali: Kaka, nikikanyaga mafuta spika zinavuma.
Jibu: Ni kelele ya umeme wa gari inayopenya kwenye waya wa sauti. Ilishe adapta kwa pawabanki. Mvumo ukikoma, ulizia kichujio cha kelele cha waya wa AUX.

Swali: Natazama mpira kwa hedifoni watoto wakilala. Goli naliona kwanza, mtangazaji anapiga kelele baadaye!
Jibu: Bluetooth ya kawaida huchelewesha sauti. Tafuta adapta yenye aptX Low Latency, teknolojia ya kupunguza ucheleweshaji huo, na hedifoni nazo ziwe nayo, la sivyo umetupa pesa. Mimi ningevuta waya tu.

Swali: Nakaa Mji wa Kale. Nikienda na simu jikoni, muziki unakatika sebuleni.
Jibu: Dada, adapta hizi nyingi ni za mita kama 10 pasipo kizuizi, na kuta zenu za matumbawe ni nene mno. Iache simu sebuleni.