Namna ya Kuendesha Kombe la Mtoano la Timu Nane za Juu Baada ya Ligi Kumalizika

Ligi ikishafungwa, timu nane za juu zinaingia kwenye mtoano: mechi saba, bingwa mmoja. Ukilitazama haraka utadhani ni kazi ya wiki moja. Lakini kombe la aina hii huvurugika kwa sababu moja kubwa, kanuni iliyonyamaza. Kwenye ligi, utata wa raundi ya tano unaweza kusubiri hadi raundi ya nane utatuliwe. Kwenye mtoano timu iliyotolewa Jumamosi inataka jibu kabla ya Jumatano, na kama kanuni haina jibu, kamati italitunga papo hapo, na atakayeumia hatakubali. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi ifanyike mezani, kabla filimbi ya kwanza haijapulizwa.

Idadi ya timu na ratiba

Kwenye mtoano wa mkondo mmoja, idadi ya mechi ni idadi ya timu ukitoa moja. Timu 8 ni mechi 7, na ukiweka ya kutafuta mshindi wa tatu zinakuwa 8. Nusu fainali zikichezwa nyumbani na ugenini unaongeza 2. Namba zinazoenda sawa ni 4, 8 na 16. Ukiwa na 6 au 12, baadhi ya timu zitavuka raundi ya kwanza bila kucheza: chukua namba sawa inayofuata, toa idadi ya timu ulizonazo. Kwa timu 12 ni 16 kutoa 12, yaani timu nne, na nafasi hizo wapewe waliomaliza wa kwanza hadi wa nne.

Ratiba fupi inayowezekana bila kuwaua wachezaji ni ya siku tisa. Robo fainali mbili Jumamosi, mbili Jumapili; nusu fainali Jumatano na Alhamisi; fainali Jumapili inayofuata. Hapa kuna kosa linalofanyika sana: mshindi wa Jumamosi anapangwa kukutana na mshindi wa Jumapili, mmoja amepumzika siku moja zaidi ya mwenzake. Upande mmoja wa droo wote ucheze Jumamosi na kukutana Jumatano, upande mwingine wote ucheze Jumapili na kukutana Alhamisi. Fainali usiiweke Jumamosi, maana aliyecheza Alhamisi atakuwa na siku mbili tu. Hata kwa Jumapili anapungukiwa siku moja na mpinzani wake. Hilo halikwepeki kwenye siku tisa. Ukiwa na wikiendi tatu, zitumie.

Kama robo fainali mbili zinachezwa uwanja mmoja siku moja, acha saa tatu kamili kati ya kuanza kwa ya kwanza na kuanza kwa ya pili. Mechi yenyewe na mapumziko ni dakika 105, za majeruhi weka 10, mikwaju ya penalti 20, na timu zinazofuata zinahitaji kama dakika 45 za kupasha misuli.

Uwanja usio na taa unahitaji hesabu nyingine. Anza na saa ya jua kuzama, urudi nyuma: 105 na 10 kama hapo juu, 40 za muda wa nyongeza pamoja na vipumziko vyake, 20 za penalti. Hiyo ni dakika 175. Mechi yenye muda wa nyongeza ianze angalau saa tatu kabla ya giza. Waandaaji wengi huanza saa 10:00 jioni kwa mazoea ya ligi, halafu golikipa anadaka penalti ya tano kwa kusikia sauti.

Nani anaingia, nani anakutana na nani

Droo isifanyike kabla msimamo haujathibitishwa kwa maandishi. Rufaa moja ya pointi tatu kati ya timu ya 8 na ya 9 inatosha kubatilisha kila kitu. Kanuni iseme pia kinachotokea timu ikijitoa. Utaratibu unaofanya kazi ni huu: ikijitoa kabla ya droo, wote walio chini wanapanda nafasi moja na ya 9 inaingia. Ikijitoa baada ya droo, ya 9 inachukua nafasi ileile kwenye droo na hakuna anayehamishwa. Ikijitoa baada ya kucheza robo fainali, mpinzani wa nusu fainali anapewa ushindi wa mezani. Usimrudishe aliyekwisha kutolewa.

Kupanga kwa nafasi za ligi ndiko kunakolipa jasho la msimu: wa 1 na wa 8, wa 4 na wa 5 upande mmoja, wa 2 na wa 7, wa 3 na wa 6 upande wa pili. Jumla ya kila jozi ni 9, na ukipata jumla tofauti ujue umekosea. Wa kwanza na wa pili hawawezi kukutana kabla ya fainali. Ukitaka msisimko wa droo ya hadharani, weka vyungu viwili, timu 1 hadi 4 na timu 5 hadi 8, na aliyetoka chungu cha kwanza awe mwenyeji. Droo huria kabisa inaweza kuwakutanisha wa kwanza na wa pili siku ya kwanza, na viingilio vya fainali vikaondoka nao.

Kikosi, mikataba na kadi

Hili ndilo linalosahaulika kuliko yote. Mikataba ya wachezaji kwa kawaida huisha na msimu. Kombe likivuka tarehe rasmi ya mwisho wa msimu, klabu inaweza kufika nusu fainali bila mshambuliaji wake, na aliyekuwa kwa mkopo ameitwa na klabu mama. Mwaka 2020, ligi ziliposogezwa na UVIKO-19, FIFA ilitoa mwongozo wa kurefusha mikataba hadi tarehe mpya ya kumaliza msimu. Wewe hutakuwa na msaada huo. Weka tarehe ya fainali ndani ya msimu, na uache siku chache za akiba kwa ajili ya mechi iliyoahirishwa.

Orodha ya wachezaji, 25 inatosha, iwasilishwe siku kumi kabla ya robo fainali, na kila mchezaji awe amesajiliwa na klabu hiyo kabla ya ligi kumalizika. Usifungue dirisha dogo la usajili kwa ajili ya kombe. Utageuza mashindano kuwa majaribio ya wachezaji wa msimu ujao.

Sheria za mchezo zinaruhusu kanuni za mashindano kutaja wachezaji wa akiba kuanzia watatu hadi 15, na kubadilisha hadi watano. Watano hao hutumiwa katika nafasi tatu za kusimamisha mchezo, mapumziko hayahesabiwi. Muda wa nyongeza unaweza kuongezewa badiliko moja, lakini ni lazima kanuni yako iseme hivyo. Isiposema, mwamuzi wa akiba na kocha watabishana dakika ya 91.

Kuhusu kadi za njano, fikiri kabla ya kunakili kanuni za ligi. Timu inayofika fainali inacheza mechi tatu tu. Ukisema njano mbili ni kukosa mechi moja, atakayepewa kwenye robo na nusu fainali ataikosa fainali. Ukisema njano zinafutwa baada ya robo fainali, hakuna atakayefungiwa kwa kukusanya njano, kwa hiyo kanuni hiyo haina kazi. Ni afadhali useme waziwazi: njano za ligi haziingii, njano za mechi tofauti hazijumlishwi, nyekundu ni kukosa mechi inayofuata. Adhabu ya nyekundu ambayo haikumalizika kwenye ligi iingie kwenye kombe, na ya fainali ihamie mechi ya kwanza ya msimu mpya.

Sare ya dakika 90

Ushauri wetu: robo na nusu fainali ziende moja kwa moja kwenye penalti, fainali iwe na dakika 30 za nyongeza kwanza. Miguu imechoka na msimu mzima, na dakika 30 za ziada Jumatano huonekana kwenye fainali ya Jumapili. Nusu fainali zikiwa za mikondo miwili, usirudishe bao la ugenini. UEFA yenyewe iliiondoa kanuni hiyo kuanzia msimu wa 2021/22.

Na usibuni ujanja. Mwezi Januari 1994, kwenye kufuzu Kombe la Karibiani, kanuni ilisema bao la dhahabu la muda wa nyongeza, yaani linalomaliza mechi papo hapo, lihesabiwe mawili. Barbados ilihitaji kuishinda Grenada kwa tofauti ya mabao mawili, ikiongoza 2–0. Grenada ikapata moja dakika za mwisho. Barbados ikajifunga kwa makusudi ili iwe 2–2 na mechi iongezwe muda. Kisha ikabidi ilinde magoli yote mawili, maana Grenada nao walikuwa tayari kujifunga, kwani hata kufungwa kwa bao moja kuliwavusha. Barbados wakapata bao la dhahabu, 4–2, wakasonga mbele kwa kanuni halali kabisa.

Kwenye penalti, haya ndiyo yanayokosewa:

- Sarafu hurushwa mara mbili. Ya kwanza kuchagua goli, ya pili kuamua nani apige au apigiwe kwanza. Mwamuzi anaweza kubadilisha goli ikiwa tu halifai au kwa usalama.
- Wanaopiga ni waliokuwa wachezaji halali wa uwanjani mechi ilipoisha, pamoja na aliyetoka kwa muda kutibiwa au kubadili viatu.
- Timu ikiwa na 11 na nyingine 10, yenye wengi inapunguza mmoja, hata kama upungufu umetokea katikati ya upigaji. Asipopunguzwa, timu yenye 11 inamficha mpigaji wake mbovu kwa raundi moja zaidi.
- Golikipa akiumia, anaweza kubadilishwa na yule aliyepunguzwa au na mchezaji wa akiba kama mabadiliko hayajaisha. Aliyetoka harudi wala hapigi.
- Kamisaa, yaani msimamizi wa mechi, asidai orodha ya wapigaji watano. Mpangilio ni siri ya timu, mwamuzi haarifiwi. Kazi yake ni kuandika namba za waliokwisha kupiga, kwa sababu hakuna anayerudia kabla wenzake wote, golikipa akiwemo, hawajapiga.
- Onyo na kadi ya njano ya mechi haziingii kwenye hatua ya penalti. Mwenye njano ya dakika ya 60 akipewa nyingine hapa, hatolewi nje.

Uwanja

Mwisho wa msimu uwanja umechakaa, hasa mbele ya magoli. Siku tatu kabla, pima nukta ya penalti upya: mita 11 kutoka mstari wa goli. Rangi ikipakwa juu ya rangi msimu mzima, nukta huhama taratibu bila mtu kugundua. Goli ni mita 7.32 kwa 2.44, mwamba ulioning'inia katikati hupunguza urefu, na kupima pembeni tu hakutaonyesha. Shimo kwenye nukta lijazwe mchanga na udongo, ushindiliwe mapema ukauke. Mchanga mtupu huteleza chini ya mguu wa kuegemea. Kagua wavu kwa mkono, fundo kwa fundo, hasa chini kwenye pembe. Mpira namba 5 uwe na uzito wa gramu 410 hadi 450 na mzunguko wa sentimita 68 hadi 70.

Kikao cha asubuhi ya mechi kiamue rangi za jezi, za magolikipa wote wawili zikiwemo. Orodha za vikosi zifike kwa kamisaa dakika 75 kabla. Gari la wagonjwa lisipokuwepo, mechi haianzi, na hilo liandikwe ili mwamuzi asibaki peke yake kubeba lawama.

Mvua ikiikatisha mechi, sheria za mchezo zinasema irudiwe upya, isipokuwa kanuni za mashindano zikisema vingine. Sema vingine: iendelee kesho yake kuanzia dakika ilipoishia, matokeo, kadi na mabadiliko yakibaki yalivyo. Usiposema, timu iliyokuwa nyuma 3–0 dakika ya 70 itaanza 0–0.

Fedha na malalamiko

Kwa kuwa hakuna marudiano, mwenyeji asichukue mapato yote ya mlangoni. Toa gharama za mechi kwanza, zilizoorodheshwa mapema, kinachobaki kigawanywe nusu kwa nusu. Fedha za zawadi ziwe benki kabla ya droo kutangazwa; ahadi ya mdhamini si fedha. Kama bingwa anapata tiketi ya mashindano mengine, eleza inaenda kwa nani ikiwa tayari anayo kupitia ligi.

Kusudio la kukata rufaa lifike kwa kamisaa ndani ya saa mbili baada ya filimbi, maandishi ndani ya saa 24, uamuzi ndani ya saa 48. Kwa mechi ya Jumapili, saa 48 zinaishia Jumanne jioni, na nusu fainali ni Alhamisi. Ukilegeza saa hizo ratiba inakufa. Rufaa isikilizwe na watu watatu wasio na klabu yoyote kati ya nane. Maamuzi ya mwamuzi kuhusu tukio la uwanjani hayakatiwi rufaa. Uhalali wa mchezaji unakatiwa. Ikithibitika kwamba mchezaji hakuwa halali kabla mechi inayofuata haijaanza, mpinzani anarudishwa. Ikishaanza, klabu inaadhibiwa lakini ratiba haiguswi.

Medali ziagizwe kwa hesabu ya wachezaji 25 na viongozi wa benchi kwa kila timu, na za waamuzi wanne na kamisaa kando. Jina la bingwa lichongwe kwenye kombe baada ya muda wa rufaa kupita.